Ardhi Tuliyopewa na Mama

Wazee wetu wa Matombo hawakuwa na hati za mashamba, lakini kila mtu alijua pa kulima. Kwetu Uluguru mtoto huhesabiwa katika ukoo wa mama yake. Ukoo tunauita lukolo, na tawi lake ni tombo, yaani titi, kwa kuwa watu wake walinyonyeshwa na bibi mmoja. Ardhi ilikuwa ya ukoo, na mkuu wa ukoo aliigawa kwa ndugu zake. Mwanamke alilima kwao, hivyo hata mumewe akifa, shamba halikumponyoka.

Mwaka 1897 Mapadre wa Roho Mtakatifu walifungua misheni hapa Matombo. Wazee wetu wakapokea ubatizo na majina mapya, lakini shamba waliendelea kulipata kwa mjomba. Ukristo haukuwatoa katika ukoo.

Baadaye serikali ya kikoloni iliwalazimisha watu kuchimba matuta ya ngazi milimani ili kuzuia mmomonyoko. Mmomonyoko ulikuwepo kweli, lakini matuta yalifukua udongo usio na rutuba, na kazi ilikuwa ya shuruti. Julai 1955 watu walikusanyika hapa Matombo kupinga. Polisi wakafyatua risasi, mtu mmoja akafa, na mpango ule ukaachwa.

Hatusemi kwamba desturi ilikuwa haina kasoro. Baba aliyepanda miti katika ardhi ya ukoo wake aliweza kufa, na matunda yakaenda kwa watoto wa dada yake huku wake mwenyewe wakitazama tu. Ndiyo maana akina baba wengi leo wanataka kuwarithisha watoto wao, nao wana haki ya kusikilizwa. Hatari ni pale tunapogeuza mambo hata binti akose kotekote: kwa baba na kwa mjomba.

Katika kitabu cha Hesabu, binti watano wa Selofehadi walimwendea Musa kudai fungu la ardhi, na Mungu akasema wana haki. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 nayo inampa mwanamke haki sawa na mwanamume. Basi, kabla ya kuuza au kugawa shamba, tuwaite mama zetu na dada zetu waketi nasi, nao waseme. Ardhi hiyo ilitufikia kwa mikono yao.