Jay Adams Mbele ya Kamera

Filamu ya hali halisi Dogtown and Z-Boys (2001) iliongozwa na Stacy Peralta, mmoja wa vijana haohao inaowasimulia, wa timu ya Zephyr ya mchezo wa ubao wa magurudumu ya Santa Monica, Marekani, kwa ufadhili wa kampuni ya viatu ya Vans. Basi si kujipigia debe huko? Kwa kiasi fulani, ndiyo, na masimulizi ya wakongwe hao yametiwa chumvi hapa na pale. Lakini picha za mashindano ya mchezo huo huko Del Mar zilipigwa 1975, filamu hii ikiwa bado haijawazwa. Humo Jay Adams, mwenzake Peralta katika timu hiyo, anachuchumaa hadi karibu aguse sakafu, akirukaruka na ubao wake wa magurudumu, ilhali washindani wengi wamesimama wima. Wala filamu haifichi kwamba baadaye aliandamwa na dawa za kulevya na jela.