Cleopa Msuya wa Usangi

Katika kitabu hiki cha ukumbusho, sisi watu wa milima ya Upare, toka Same hata Usangi, haifai tumsahau Cleopa David Msuya, aliyezaliwa Usangi mwaka 1931. Alisoma Makerere, kisha akafanya kazi ya maendeleo vijijini. Mara mbili alikuwa Waziri Mkuu: 1980 hata 1983, tena 1994 hata 1995. Hata mwaka 2000 alikuwa Mbunge wa Mwanga.

Lakini jambo lililompima hasa ni fedha. Mwaka 1984 maduka yalikuwa matupu. Sabuni na nguo zilipatikana kwa taabu. Naye, Waziri wa Fedha, akaleta Bungeni makadirio machungu: thamani ya shilingi ilipunguzwa, ruzuku ya sembe ikaondolewa, na wenye fedha zao za kigeni wakaruhusiwa kuleta bidhaa. Basi vitu vikarudi madukani. Lakini bei zilipanda, na maskini wakaumia. Wengine walimsifu, wengine walinung'unika, wala hakuna aliyenena bure.

Alifariki tarehe 7 Mei 2025, akazikwa Usangi. Na tukumbuke: mjumbe wa watu hatumwi kunena matamu tu.