Nduna: neno lililobaki Songea

Mbamba Bay, usiku ukitulia, redio ndogo ya betri hunasa mawimbi ya Malawi bila taabu. Jioni moja nilikaa na mzee mvuvi, moto wa kukaushia dagaa ukiwa unafifia, tukisikiliza taarifa ya habari ya Kichewa. Mimi nilikuwa nikidaka neno moja moja. Ghafla nikasikia nduna, kisha tena nduna. Nikamuuliza mzee: nduna gani huyo anayetoa hotuba leo? "Waziri wao wa afya, mwanangu. Kule kila waziri ni nduna."

Nimekulia Songea mjini. Kwetu sisi watoto wa miaka ile nduna alikuwa mtu mmoja tu, na Wajerumani walishamuua mwaka 1906. Tulilisikia neno hilo likitangulia jina lake kila tarehe 27 Februari, Nduna Songea Mbano, na tulidhani ni sehemu ya jina lenyewe, kama vile mtu anavyoitwa Juma. Hakuna mwalimu aliyetueleza kuwa ni cheo, kwamba cheo hicho kilitembea kwa miguu kutoka kusini kabisa mwa Afrika hadi kufika chini ya mlima Matogoro, na kwamba mpaka leo bado kiko kazini katika nchi nyingine.

Katika Kizulu mnyama dume huitwa iduna, na sikio la Mswahili halikosi kusikia dume letu humo. Hapo ndipo ilipotoka induna, mkubwa aliyewekwa na mfalme kusimamia eneo, kikosi au shughuli fulani. Wakiwa wengi ni izinduna. Watswana nao wamepita njia hiyo hiyo: kwao tona ni kitu dume, kitu kikubwa, na tona ni waziri wa serikali.

Neno lilianza safari kwa sababu ya vita. Karibu mwaka 1819 Shaka, mfalme wa Wazulu, aliwavunja Wandwandwe, na makundi yaliyoponyoka yakaanza kuhama kuelekea kaskazini. Kundi la Zwangendaba Jere lilivuka mto Zambezi tarehe 20 Novemba 1835, siku jua lilipopatwa, na kwa sababu ya kupatwa huko tunaijua tarehe yenyewe kwa uhakika ambao historia ya wakati ule hutunyima mara nyingi. Walikwenda mpaka Ufipa. Zwangendaba akafia huko katika miaka ya 1840, watu wake wakagawanyika, na tawi moja chini ya Zulu Gama likageukia mashariki hadi nchi tunayoiita leo Ungoni. Waliwakuta Wangoni wengine wametangulia, wale wa Maseko. Wakaishi nao, kisha wakagombana, na Wamaseko wakafukuzwa ng'ambo ya Ruvuma. Uzao wao uko Malawi hadi leo. Waliobaki wakawa na falme mbili: Njelu ya akina Gama upande wa kusini, na Mshope ya akina Tawete upande wa kaskazini.

Msafara uliofika Ungoni haukuwa ule uliotoka kusini. Kwa zaidi ya miaka 25 ya mwendo walikuwa wakiteka watu na kuwaingiza katika jamii yao: Wathonga, Washona, Wasenga, na mwisho Wandendeule, Wamatengo na wengine wa hapa hapa. Waliotoka kusini waliitwa wazansi, waliotekwa wakaitwa wasutu, na wasutu walikuwa wengi mno. Mama msutu alimbembeleza mtoto kwa lugha yake. Vizazi viwili vitatu baadaye lugha ya Zwangendaba ilikuwa imekufa Songea. Kingoni kinachosemwa leo Peramiho au Namabengo ni jamii moja na lugha za majirani, na Mzulu wa Durban hawezi kukifuata. Yaani washindi walishinda vita vyote isipokuwa vya jikoni.

Lugha ilipozama, yakaelea maneno machache, na aghalabu ni ya utawala. Nkosi, mfalme, ni mojawapo. Nduna ni jingine. Irabu ya mwanzo ilidondoka njiani, izinduna wakawa manduna, na hapo Kiswahili kililipokea neno kwa mikono miwili, kwa kuwa vyeo vya watu kwetu hupenda ma-: majumbe, maakida, maliwali, makadhi, mawaziri. Nduna akapata kiti katika safu hiyo kana kwamba alizaliwa pwani.

Nduna alifanya kazi gani? Nkosi alimkabidhi watu na ardhi. Alisikiliza kesi zao, akakusanya kodi ya mazao na mateka, na vita vikija alitoka na kikosi chake. Kwa hiyo alikuwa hakimu wakati wa amani na jemadari wakati wa vita. Wengine walitoka ukoo wa kifalme, lakini haikuwa sharti. Songea mwenyewe alikuwa wa ukoo wa Mbano, hakuwa Gama, na hata hivyo alikuja kuwa nduna mwenye nguvu kuliko wote Njelu. Cheo hiki kilikuwa mlango wa mtu asiyezaliwa ikulu. Jinsi nkosi alivyozidi kuwa mbali na manduna kuwa karibu na watu, ndivyo nguvu zilivyohamia mikononi mwa manduna, na Ungoni ya mwisho wa karne ya 19 ukiisoma vizuri utaona ilikuwa nchi ya manduna zaidi ya wafalme.

Huko nje neno liliendelea na maisha yake. Karibu na Bulawayo kuna mlima uitwao Ntabazinduna, mlima wa manduna: masimulizi ya Wandebele yanasema Mzilikazi aliwaua hapo wakuu waliomtawaza mwanawe wakidhani mfalme amepotea njiani. Eswatini waziri mkuu ni indvunankhulu. Kwa Wazulu, Mangosuthu Buthelezi, aliyefariki mwaka 2023, alikuwa undunankulu wa mfalme kwa miaka mingi. Waingereza walilisikia kwa Wazulu katika karne ya 19, wakaliandika katika taarifa zao na riwaya za akina Rider Haggard, na hatimaye likaingia katika kamusi za Kiingereza, ambamo limekaa kama neno adimu ambalo Mwingereza wa kawaida hajawahi kulitamka. Migodini Johannesburg liliteremshwa hadhi: induna akawa msimamizi wa wafanyakazi wa kabila lake katika kambi, mtu wa kati, mwenye amri kwa wenzake na mwenye kuamriwa na kampuni. Malawi, ambako Kichewa kililichukua kutoka kwa Wangoni, likapanda hadi baraza la mawaziri. Joyce Banda alikuwa nduna wa mambo ya nje kabla hajawa rais mwaka 2012, na sijui neno jingine lenye dume tumboni lililofika kwa mwanamke kwa utulivu namna hiyo.

Songea halikupanda wala kushuka hivyo. Lilikatwa.

Wajerumani walijenga boma mwaka 1897, na kwa kuwa lilikuwa karibu na kijiji cha nduna Songea, wakaliita kwa jina lake. Hilo peke yake linastahili kufikiriwa. Mji haukuitwa kwa jina la nkosi. Uliitwa kwa jina la mtumishi wake mkuu, yule ambaye wafanyabiashara wa Kilwa kama Rashid bin Masoud wa Kikole walimjua, na ambaye wageni waliona ndiye wa kuzungumza naye. Wajerumani hawakujisumbua na tofauti za vyeo. Kwao kila mkubwa wa Kiafrika alikuwa sultani au jumbe. Nkosi sultani, nduna naye sultani mdogo, basi.

Mwaka 1905 Omari Kinjala alileta maji ya vita Mshope kwa Nkosi Chabruma, na kutoka huko yakaenea hadi Njelu. Sitaisimulia vita yote ya Maji Maji. Wasomaji wa Ruvuma wanaijua kutoka kwa babu zao. Ninachotaka kionekane ni namna ilivyowaangukia wenye cheo hiki. Majeshi ya Kijerumani yalichoma vyakula, wakuu wakajisalimisha au wakakamatwa mmoja mmoja, na tarehe 27 Februari 1906 Wajerumani wakawanyonga kwa wingi pale Songea, Nkosi Mputa Gama akiwa miongoni mwao. Chabruma alikimbilia upande wa Wareno na kuuawa huko. Makumbusho ya Maji Maji huwahesabu mashujaa 67: 66 wamelala katika kaburi la pamoja, na Songea Mbano ana kaburi lake pembeni. Ukipita mbele ya orodha ya majina pale makumbusho, mtaa wa Mahenge hapa Songea, soma neno linalotangulia majina mengi. Katika miezi michache karibu tabaka zima la manduna, mahakimu na majemadari wa nchi, liliondolewa. Njaa iliyofuata ilikuta watu ambao hawakuwa tena na wa kuwaamulia wapi pa kulima na wapi pa kuhamia.

Waingereza walilifufua neno katika miaka ya 1920 walipoanzisha utawala kupitia wenyeji. Nkosi akarudishwa, manduna wakarudishwa, lakini sasa nduna alikuwa na mshahara, daftari la kodi na baraza la kesi ndogo, na mwenye kumwajiri alikuwa bwana shauri. Vikosi hakuwa navyo tena. Mwaka 1963 Tanganyika huru ikafuta utawala wa machifu wa kila namna, na nduna akatoka ofisini pamoja nao.

Tangu hapo limekuja neno chifu na kufunika kila kitu. Mtemi wa Unyamwezi ni chifu, mangi wa Uchaga ni chifu, mtwa wa Uhehe ni chifu, nkosi wa Ungoni ni chifu, na nduna wake naye ni chifu. Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikuja Songea, akakutana na ukoo wa Mbano na kuomba msamaha kwa yaliyotendwa na nchi yake. Nilifurahi sana siku ile. Lakini katika hotuba na katika vichwa vya habari vya dunia nzima mtu wetu alikuwa Chifu Songea, na moyo ulinisinyaa kidogo. Chifu ni neno la wakoloni la kutuweka wote katika kapu moja. Nduna lina maana: mtu asiye mfalme aliyekubali kubeba ya mfalme hadi kwenye kitanzi.

Kuna sababu nyingine, na hii si ya hisia. Ukoo na makumbusho husimulia kwamba kichwa cha Songea kilikatwa na kupelekwa Ujerumani, na Steinmeier aliahidi kwamba nchi yake itasaidia kukitafuta. Berlin kuna mafuvu yapatayo 1,100 kutoka Afrika Mashariki ambayo watafiti wamekuwa wakiyachunguza. Mwaka huo huo wa 2023 walitangaza kuwa vinasaba vya baadhi yake vimeoana na ndugu walio hai Kilimanjaro. Mojawapo halikuwa na jina la mtu. Lilikuwa na cheo tu, Akida, kimeandikwa juu ya mfupa, na kwa kufuata neno hilo watafiti walimfikia msaidizi wa Mangi Meli na kizazi chake.

Kwa hiyo ninaposisitiza nduna nazungumza pia na wale wanaofungua masanduku. Aliyeandika kibandiko mwaka 1906 huenda hakuandika Songea. Aliandika alichosikia kutoka kwa askari au mkalimani wa boma, kwa tahajia ya Kijerumani: Nduna, Induna, Unduna, au kwa wingi wake Manduna. Wanaotafuta sultani na Häuptling, yaani chifu kwa Kijerumani, watafute na hayo, katika shajara za maafisa, katika orodha za shehena za meli, katika wino uliofifia kwenye mfupa.

Niliporudi kutoka Mbamba Bay nilipita Mahenge. Mtoto wa shule aliyekuwa akinakili majina kwenye daftari aliniuliza kwa nini wengi wao wanaitwa Nduna, kama ni ndugu.