Mwani, Moyo wa Ng'ombe na Samaki wa Mawe

Ruponda, upande wa Nachingwea na Ruangwa mkoani Lindi, iliingia katika vitabu vya Vita Kuu ya Kwanza kwa sababu ya chakula. Oktoba 1917 Waingereza waliteka hapo akiba kubwa ya vyakula ambayo kamanda wa Wajerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, alikuwa akiitegemea. Mwezi huohuo yakapiganwa mapambano makali ya Mahiwa, na kabla Novemba haijaisha Wajerumani, askari wao na wapagazi walikuwa wamevuka mto Ruvuma kwenda kutafuta shibe Msumbiji.

Miaka ishirini hivi kabla ya hapo, jeshi hilohilo la kikoloni lilikuwa na daktari ambaye hakutosheka na kutibu homa. Friedrich Fülleborn alizunguka nchi za Ziwa Nyasa mwishoni mwa karne ya 19, akapima watu, akachora nyumba zao, na kila kiumbe alichokipata ziwani akakitia kwenye chupa ya spiriti. Mwaka 1906 alichapisha mjini Berlin kitabu kinene kuhusu nchi na watu wa Nyasa na Ruvuma. Samaki wake walibaki makumbusho. Mmoja wao alisubiri mpaka 1926, mtaalamu wa Berlin, Ernst Ahl, alipomweleza kisayansi na kumpa jina la daktari: Labeotropheus fuelleborni.

Samaki huyu ni wa kundi ambalo watu wa ziwani huliita mbuna, yaani wale wa kwenye mawe. Mtazame kwa karibu. Pua imetokeza mbele kama kichuguu kidogo, na mdomo umekaa chini yake, mpana, ukingo wake umenyooka. Samaki wengi wanaokula mwani hulazimika kusimama wima mbele ya jiwe ili meno yalifikie, na wimbi likija huwayumbisha. Huyu hulala sambamba na jiwe, tumbo karibu kuligusa, akakwangua huku anasogea. Kwa hiyo anaweza kula palepale maji yanapochafuka karibu na ufuko, mahali wenziwe wanapopaogopa.

Ziwa Tanganyika nalo lina fundi wake. Mwingereza J. E. S. Moore alikwenda huko katika miaka ya 1890, na mwaka 1898 George Boulenger wa makumbusho ya London akaeleza samaki walioletwa na Moore. Mmoja ni Tropheus moorii. Mwingine ni Eretmodus cyanostictus, kisamaki cha sentimita chache kinachoishi kwenye mawe ya ufukoni kabisa. Kibofu chake cha hewa kimesinyaa, kwa hiyo hakielei vizuri. Kinarukaruka chini, kinatua juu ya jiwe, kinakwangua kwa meno yaliyo mfano wa patasi. Huyo ni samaki wa chini kwa kila maana.

Wakati Moore na Fülleborn wanajaza chupa zao, Ulaya ilikuwa tayari na desturi ya kufuga samaki sebuleni ndani ya kioo. Mwaka 1850 mkemia wa London, Robert Warington, alieleza jinsi alivyoweka samaki wa dhahabu pamoja na mimea ya majini bila kubadili maji. Mimea ilipooza na utando wa kijani ukafunika kioo, alitia konokono, nao wakala uchafu ule. Mwaka 1853 bustani ya wanyama ya London ikafungua nyumba ya samaki, na ugonjwa wa kufuga ukaenea. Tangu siku ya kwanza, basi, mla mwani aliingia kwenye tangi kama mfanya usafi. Kwamba naye ni mgeni anayetakiwa kuandaliwa chakula, hilo lilichelewa kufikiriwa, na kuchelewa huko kumeua samaki wengi.

Kwa miongo mingi wafugaji walilisha walichoweza kuchota: vijidudu vya madimbwini, minyoo myekundu ya mitaroni, nyama iliyokunwa. Mwaka 1955 Mjerumani Ulrich Baensch aliuza chakula cha vipande vikavu vyepesi, TetraMin, na kuanzia hapo mtu asiye na dimbwi jirani akaweza kufuga. Vipande vile huelea. Samaki wa juu hushiba, wa kati hupata masalia, na wa chini hulala njaa asipotupiwa kitu kinachozama.

Mbuna walianza kusafirishwa kutoka Nyasa katika miaka ya 1960. Wanunuzi wa Ujerumani na Marekani walistaajabu: samaki wa maji baridi, yasiyo na chumvi, wenye rangi za samaki wa matumbawe! Ziwa Tanganyika lilifuata kwa kishindo pale Mbelgiji Pierre Brichard alipofungua kazi yake Burundi mwanzoni mwa miaka ya 1970. Hata leo katika orodha za wauzaji wa Ulaya yamo majina ya sehemu za Tanzania ambazo wanunuzi hawataziona kamwe: Ikola, Mpimbwe na Kasanga kwa Tanganyika; Lupingu, Lundo na Mbamba kwa Nyasa. Samaki wa Mbamba Bay anatoka mwisho wa barabara ileile inayoanzia Mtwara, ikapita Masasi, Tunduru na Songea. Mtu wa Nachingwea akishuka Masasi ameikuta.

Kasoro ilikuwa njiani na mezani. Kabla ya kufungwa kwenye mfuko wa plastiki wenye oksijeni, samaki hunyimwa chakula siku kadhaa ili asichafue maji safarini. Anafika Frankfurt au Miami utumbo mtupu. Mwenye duka, kwa huruma, anampa kilicho bora kwa mawazo yake: moyo wa ng'ombe uliosagwa, au minyoo. Siku chache baadaye samaki anajitenga pembeni, anatoa choo cheupe chembamba, tumbo linafura, anakufa. Wafugaji wakauita ugonjwa huo uvimbe wa Malawi, kwa jina jingine la Ziwa Nyasa. Wataalamu wamebishana kama chanzo ni vimelea, bakteria, maji mabaya au mshtuko wa safari, na pengine vyote vimo. Lakini wafugaji wazoefu walikubaliana mapema kwamba wala mwani ndio wanaougua zaidi, na kwamba nyama huongeza hatari.

Sababu ya nyama kuwa hatari iko tumboni. Samaki mla nyama ana utumbo mfupi. Mla mwani ana utumbo uliozungushwa mara nyingi, mrefu kuliko mwili wake mara kadhaa, kwa sababu mwani una virutubisho vichache na huchukua muda mrefu kusagika. Mbuna na Tropheus hula kidogo kidogo kutwa nzima. Mlo mmoja mzito wa mafuta na protini ni mzigo ambao utumbo huo haukuumbiwa.

Linaloudhi ni kwamba jibu lilikuwa limeshachapishwa. Geoffrey Fryer alifanya kazi Nkhata Bay, Nyasaland (Malawi ya leo), katika miaka ya 1950, akapasua matumbo ya mbuna na kuangalia kilichomo. Mwaka 1959 alitoa kazi ndefu iliyoonyesha nani anakula nini: Labeotropheus hung'oa nyuzi za mwani zilizoshikamana na jiwe, na wengine, kama Petrotilapia, huchana vijimea laini vilivyolegea juu yake. Yote haya yalikuwa kwenye maktaba kabla mbuna hawajawa biashara. Maduka hayakwenda maktaba. Fryer na T. D. Iles walipotoa kitabu chao cha samaki wa maziwa makuu ya Afrika mwaka 1972, moyo wa ng'ombe ulikuwa ungali unasagwa.

Mabadiliko yaliletwa na spirulina. Unga huu wa kijani uliingia katika vyakula vya samaki wa mapambo, na leo mfugaji wa Tropheus hawezi kuishi bila huo. Kwa Mwafrika Mashariki kuna jambo la kuchekesha kidogo hapa: viumbe wa kijani wanaokaushwa kuwa unga huo ni jamaa ya wale wanaojaa katika maziwa ya magadi kama Natron na Bogoria, na ndio wanaolisha flamingo wadogo kwa maelfu. Samaki wa Kigoma aliyefungwa Hamburg analishwa chakula cha ndege wa Natron, kilichokaushwa kiwandani.

Nyumbani Dar es Salaam au Mwanza, anayeonekana sana kwenye matangi si mbuna bali yule kambare wa Amerika ya Kusini mwenye ngao ngumu za mfupa mwilini, anayeganda kwenye kioo kwa mdomo. Mtaalamu wa viumbe Linnaeus alimtaja jamaa yake mwaka 1758. Hununuliwa akiwa urefu wa kidole kwa kazi ya kusafisha, kioo kikishang'aa anasahauliwa, tumbo linabonyea ndani. Aina nyingi zinazouzwa hupita sentimita 30, na mwani wa tangi dogo haumtoshi hata mwezi.

Kumlisha hakuhitaji duka la gharama. Kipande cha tango, au jani la mchicha lililotiwa maji ya moto kidogo, hufungiwa jiwe na kuzamishwa jioni taa zikizimwa, kwa kuwa yeye hula usiku. Kikibaki asubuhi hutolewa kabla hakijaoza. Kwa mbuna na Tropheus wafugaji wana mbinu nyingine: mawe hutiwa kwenye ndoo ya maji na kuachwa juani mpaka yaote kijani, kisha hubadilishwa kwa zamu na yale yaliyo tangini. Mzungu hununua taa kwa kazi hiyo. Kwenye jua la Lindi ndoo inatosha.

Mito ya mashariki mwa Afrika ina wala mwani wake wa chini ambao biashara haijawajali sana. Labeo cylindricus, aliyeelezwa na Wilhelm Peters mwaka 1852 kutokana na safari zake Msumbiji, anapatikana kuanzia Kenya hadi kusini mwa bara, midomo yake minene ikiparuza mawe na magogo. Kwenye chemchemi ya Mzima, ndani ya Tsavo Magharibi nchini Kenya, kuna chumba kilichojengwa chini ya maji ambako mgeni anaingia yeye kwenye kioo na samaki wanabaki huru nje. Huko Labeo huonekana wakimfuata kiboko, wakila utando wa ngozi yake na kinyesi chake. Watengeneza filamu Alan na Joan Root waliwaonyesha ulimwengu katika filamu yao ya chemchemi hiyo.

Mbuna wa madukani siku hizi wengi hawakuzaliwa Nyasa. Wanazalishwa Florida, Jamhuri ya Czech na nchi za Asia, na samaki wa porini hununuliwa na wachache wanaotaka damu mpya au rangi ya kijiji fulani. Mvuvi wa Lupingu anayezamia kuwakamata anashindana na bwawa la Marekani lililojaa wajukuu wa samaki wa ziwa lake, wanaolishwa unga wa kijani kwa kipimo.