Paul Robeson: jukwaani alikuwa huru, filamuni alikatwa

Mwaka 1934 Paul Robeson, mwigizaji na mwimbaji aliyekwisha vuma pande zote mbili za Atlantiki, aliingia darasani London, katika chuo ambacho leo kinajulikana kama SOAS, akasoma fonetiki na Kiswahili. Hakuwa akitafuta shahada. Alikuwa akiitafuta Afrika, na aliitafuta kwa dhati.

Baba yake alizaliwa mtumwa North Carolina, akatoroka, akawa mchungaji. Paul alizaliwa Princeton, New Jersey, tarehe 9 Aprili 1898. Alisoma Rutgers, akang'ara katika mpira wa Kimarekani, kisha akahitimu sheria Columbia mwaka 1923. Uwakili haukudumu: katika ofisi ya New York alikoajiriwa, karani mzungu alikataa kuandika barua kwa imla ya mtu mweusi. Robeson akaondoka.

Jukwaa likampokea. Mwaka 1924 alicheza tamthilia za Eugene O'Neill, na mwaka 1930 akawa Othello katika ukumbi wa Savoy, London, Peggy Ashcroft akiwa Desdemona. Aliyemnoa matamshi ni Amanda Aldridge, binti wa Ira Aldridge, Mmarekani mweusi aliyemcheza Othello huyohuyo Uingereza karne moja kabla yake.

Ikaja filamu ya Sanders of the River. Zoltan Korda, mwongozaji wake, alikuwa amepiga picha za ngoma na maisha ya vijijini barani Afrika, na Robeson aliamini kwamba hatimaye utamaduni huo ungeonyeshwa kwa heshima. Alimcheza chifu Bosambo. Miongoni mwa Waafrika walioajiriwa London kwa sehemu ndogondogo alikuwamo Mkikuyu aliyekuwa masomoni, Kenyatta, yule aliyekuja kuwa rais wa kwanza wa Kenya. Filamu ilipotoka mwaka 1935, ilikuwa sifa tupu kwa utawala wa Kiingereza: Bosambo ni mtiifu kwa Sanders, bwana DC (mkuu wa wilaya), na bwana DC akiondoka tu, nchi inavurugika. Robeson aliumia, akaikana filamu hiyo hadharani.

Alikuwa na haki ya kuumia. Jukwaani mwigizaji huanza na kumaliza mwenyewe mbele ya watazamaji, na hakuna wa kumnyang'anya sentensi katikati. Kwenye filamu sura na sauti yake hukatwa na kuungwa upya katika chumba ambacho yeye haingii. Baadaye alipata filamu aliyoipenda, The Proud Valley ya mwaka 1940, kuhusu wachimba makaa wa Wales. Lakini baada ya Tales of Manhattan ya mwaka 1942, iliyowachora weusi kama mafukara wajinga, aliipa Hollywood kisogo.

Mwaka uliofuata alirudi kwa Othello, Broadway. Mchezo ulionyeshwa mara 296, idadi ambayo hakuna tamthilia ya Shakespeare iliyowahi kuifikia pale.

Msimamo wake wa kisiasa ulimgharimu. Mwaka 1950 serikali ya Marekani ilimnyima pasipoti, kumbi zikamfungia milango. Mwaka 1957 wachimba makaa wa Wales walikusanyika Porthcawl wakamsikiliza akiwaimbia kwa simu kutoka New York. Mahakama ya Juu ya Marekani ilipofungua njia ya pasipoti mwaka 1958, alisafiri, na mwaka 1959 akamcheza Othello mara ya mwisho, Stratford-upon-Avon, akiwa anatimiza miaka 61.