Tarehe ya Waraka wa Kiyama na Watu wa Gando

Hii ni tarehe ya Waraka wa Sheikh Ahmad, ambao wengine huuita Waraka wa Makka. Nimeiandika mimi, mtu wa Gando kisiwani Pemba, kwa kuwa nimechoka kusikia ikisemwa kwamba huku kwetu pwani waraka huu ulianza Lindi. Lindi uliingia tu. Ulitoka visiwani, na aliyeutoa anajulikana jina lake, ukoo wake na vita vyake.

Maneno ya waraka ni haya. Sheikh Ahmad, mtunza kaburi la Mtume huko Madina, alikuwa akisoma Qur'ani usiku wa Ijumaa, usingizi ukamchukua, akamwona Mtume. Akaambiwa kwamba umma umepotea, sala zimeachwa, zaka hazitolewi, na Siku ya Kiyama imekaribia. Jua litachomoza magharibi, mlango wa toba utafungwa, na maandishi ya Qur'ani yataondolewa karatasini. Kisha ukaja wasia wenyewe: kila asomaye anakili, apeleke mji mwingine. Atakayenakili atapata shufaa, na atakayeuficha atajuta. Ndiyo maana waraka huu hauhitaji posta. Anayeuogopa ndiye anayeubeba. Mwanachuoni wa Kiholanzi, Snouck Hurgronje, aliuandikia makala mwaka 1884, ulipokwisha kuenea katika visiwa ambavyo leo ni Indonesia.

Sasa nije kwa mtu wetu. Aliyeutuma huku kwetu ni Muhammad bin Khalfan, wa ukoo wa Barwani, ukoo ulioota mizizi Lindi na Unguja pia. Watu walimwita Rumaliza, mwenye kumaliza, na alilistahiki jina hilo. Aliishika Ujiji, akatawala biashara ya Ziwa Tanganyika kwa pembe na kwa watumwa, na watumwa hao siwezi kuwafuta katika tarehe hii kwa sababu ya kumsifu. Wabelgiji wa Kongo walipowaandama Waarabu kuanzia 1892, wakubwa wengine walianguka mmoja mmoja, yeye akabaki kupigana hadi Januari 1894. Aliposhindwa alivuka upande wa Wajerumani, na mwisho wake akakaa Unguja, mtu aliyepoteza nchi lakini hakupoteza sauti.

   

Hapa naacha kidogo habari ya waraka nieleze ugomvi, maana bila ugomvi huu mtu hamjui Rumaliza. Yeye na Hamed bin Muhammed el-Murjebi, yaani Tippu Tip, walikuwa washirika wa biashara. Mali ilipopotea Kongo, washirika wakawa wadai. Rumaliza akamshtaki mwenzake mbele ya Wajerumani, na hukumu ikamwelemea Tippu Tip, ikala mali yake ya bara. Tippu Tip hakusahau. Katika habari za maisha yake, alizoziandika kwa Kiswahili na Mjerumani Brode akazichapisha, kesi hiyo imo, na uchungu wake umo. Tippu Tip alikufa Unguja mwaka 1905. Kwa hiyo waraka ulipotoka, mshindani mkubwa hakuwapo tena, na sauti ya mzee iliyobaki ilikuwa moja.

Turudi. Mwaka 1905 kusini mwa bara kulizuka vita vya Majimaji dhidi ya Wajerumani, na Kinjikitile wa Ngarambe, mganga wa vita hivyo, akanyongwa mwaka huohuo, vita vikiwa bado vichanga. Viliisha 1907, na njaa ikaua watu wengi kuliko risasi. Mwaka uliofuata, 1908, nchi ikiwa bado na makaburi mabichi, waraka ukaonekana Lindi. Misikiti ikajaa. Nakala zikasafiri kutoka pwani kuingia bara. Gavana wa Kijerumani, Rechenberg, na maofisa wake wakaogopa Majimaji ya pili. Wakauliza, wakachunguza, wakafuata nyayo za karatasi kutoka mkono hadi mkono, na nyayo zikawapeleka Unguja, kwa Rumaliza na jamaa zake. Vita havikutokea. Anayesema waraka ni wa Lindi na aeleze kwa nini Wajerumani wenyewe, waliokuwa na kila sababu ya kumkamata mtu wa Lindi, waliangalia ng'ambo ya bahari.

Nami ninayo sababu ya kuiandika tarehe hii kutoka Gando. Nakala niliyoiona kwa macho yangu ilikuwa karatasi ya daftari iliyokunjwa mara nne, imewekwa ndani ya msahafu wa bibi yangu, mikunjo imekatika, wino wa buluu umefifia pale kidole gumba kinaposhika. Bibi akaniuliza, "Mjukuu wangu, ushaunakili?" Nikasema, "Bado, bibi." Akasema, "Basi kaswali kwanza. Karatasi itakungoja." Leo waraka uleule huja katika simu, na vijana huutuma kabla hawajaumaliza kuusoma.

Wazee wetu walikuwa na kipimo chao cha Kiyama. Walisimulia tufani ya 1872, iliyoivunja Unguja, ikang'oa mikarafuu yake na kuzamisha vyombo bandarini, ikaiacha Pemba karibu salama. Tangu hapo karafuu ikawa ya Pemba kuliko Unguja. Kwa wa Unguja siku ile ilikuwa kiyama, na kwetu ilikuwa mwanzo wa mavuno. Wazee walipoisimulia hawakujisifu. Walishusha sauti.

Basi nauhukumu waraka hivi. Ilimu ya saa ile iko kwa Mwenyezi Mungu peke yake, Qur'ani yenyewe imesema, na hakuna nakala ya mkono inayoweza kuisogeza mbele wala nyuma. Lakini maonyo yake juu ya sala, zaka na masikini ni ya kweli, na Rumaliza aliyejua kumaliza alituletea jambo la kuanza nalo. Hadithi ya Mtume inatufunza kwamba Kiyama kikimkuta mtu na mche mkononi, naye akaweza kuupanda, na aupande. Mkarafuu hukaa miaka 6 hadi 8 kabla ya kutoa mavuno ya kwanza. Bibi yangu, mwenye waraka ndani ya msahafu, kila masika alikuwa akichimba mashimo nyuma ya nyumba na kutia miche, akimwagilia kwa kata, na usiku alipochambua karafuu na kutenga makonyo alizungumzia mavuno ya wajukuu ambao hawajazaliwa. Miche hiyo leo ni miti. Ngazi zetu huiegemea.