Langoni pa Kiwanda: Sinema na Kazi Isiyoonekana

Sinema ilizaliwa langoni pa kiwanda. Mwezi wa Machi 1895, mjini Lyon, Ufaransa, Louis Lumière aliweka kamera mbele ya kiwanda cha jamaa yake, akawapiga picha wafanya kazi, wengi wao wanawake, wakitoka kazini. Picha hiyo haikutimiza dakika moja, nayo ilikuwa miongoni mwa picha 10 zilizoonyeshwa Paris tarehe 28 Desemba mwaka huo. Mambo mawili yapasa kukumbukwa: kamera ilibaki nje, na aliyeitumia alikuwa upande wa wenye kiwanda. Twaona watu wakitoka. Hatuoni walichokifanya ndani, wala hatusikii wasemavyo.

Miaka 100 baadaye, Harun Farocki wa Ujerumani alikusanya picha za namna hiyo kutoka sinema za karne nzima, akaonyesha kuwa sinema nyingi huanza pale kazi inapokwisha. Hoja yake imezidi uzito leo, kwani kazi nyingi zinazouendesha ulimwengu wa intaneti hazina hata lango la kungojea.

Andrew Norman Wilson, hata hivyo, alilipata moja. Alipokuwa akifanya kazi ya mkataba katika makao ya Google, Mountain View, California, aliona watu wenye vitambulisho vya manjano wakitoka katika jengo la jirani. Kazi yao ilikuwa kunakili vitabu kwa mashine, ukurasa baada ya ukurasa, ili msomaji aliye mbali avipate. Lakini chakula cha bure na baiskeli walizopewa wengine hazikuwa zao. Alipowapiga picha aliachishwa kazi. Filamu yake ya mwaka 2011 ina jina linalokumbusha ile ya Lyon.

Hans Block na Moritz Riesewieck walikwenda mbali zaidi. Filamu yao, *The Cleaners*, ya mwaka 2018, yatuingiza Manila, Ufilipino, ambako vijana hulipwa kutazama picha za mauaji na za mateso ya watoto, wakiamua ipi ifutwe na ipi iachwe. Yaelezwa humo kuwa mtu mmoja huweza kupitia picha 25,000 kwa siku. Wahenga walinena kuwa macho hayana pazia; vijana hawa wamefanywa pazia la macho ya wengine, na mikataba yao yawaamuru kunyamaza. Kwa hiyo haikutosha kungojea nje: ilipasa kwanza kupata imani ya mtu mmoja mmoja.

Kazi hiyohiyo imefanywa Nairobi pia. Huko, tarehe 1 Mei 2023, wafanya kazi zaidi ya 150 walikutana, wakapiga kura ya kuunda chama chao. Lango lilifunguliwa kutoka ndani.

Basi atakayeandika historia ya sinema hizi asiulize uzuri wa picha peke yake. Aulize kamera ilisimama wapi, na nani aliishika. Maana kazi isiyoonekana ni rahisi kuinyima ujira, na maumivu yake hayana wa kuyajibia.